Farasi wa bahari, mkazi mdogo wa misitu ya chini ya maji

Hana magamba, hana meno wala mfuko wa tumbo. Huogelea akiwa amesimama wima, na dume ndiye abebaye mimba. Katika pwani ya Afrika Mashariki makao yake makuu ni nyasi bahari, mimea ambayo wengi huikanyaga maji yanapokupwa bila kujua ni nyumba ya nani. Mkataba wa kimataifa umekuwa ukisimamia biashara ya samaki huyu tangu mwaka 2004. Hata hivyo, nyavu za kukokota na kupungua kwa nyasi hizo bado ni tishio kwake.

Samaki kamili, ingawa hafanani na samaki

Anayemwona farasi wa bahari kwa mara ya kwanza hupata shida kukubali kwamba huyu ni samaki. Kichwa kimeinama kama cha farasi aliyefungwa hatamu. Macho huzunguka kila moja upande wake kama ya kinyonga. Mkia nao, kama wa kinyonga, hujikunja na kushika kitu kwa nguvu. Juu ya utosi pana taji dogo la mfupa, na taji hilo hutofautiana kwa umbo kutoka samaki mmoja hadi mwingine.

Hata hivyo, hupumua kwa matamvua, ana mapezi, na ndani ya mwili wake mna kibofu cha hewa kinachomwezesha kuelea. Wataalamu wamempa jina la jenasi Hippocampus, neno la asili ya Kiyunani linalounganisha farasi na dubwana la baharini. Jamaa zake wa karibu ni samaki wembamba mfano wa mrija, ambao nao huonekana katika nyasi bahari za pwani yetu, pamoja na wale waitwao dragoni wa bahari, ambao hupatikana Australia peke yake.

Aina za farasi wa bahari zinazotambuliwa duniani zinazidi 40. Wadogo kabisa hawafikii urefu wa ukucha wa kidole gumba, na mkubwa kuliko wote, wa Australia na New Zealand, hufikia sentimita 35. Wengi wa pwani yetu hawazidi sentimita 20.

Badala ya magamba, mwili wake umefunikwa na vibamba vya mfupa vilivyopangwa kama pete. Silaha hiyo humkinga, lakini humfanya kuwa mzito. Ili kusonga mbele hutegemea pezi dogo la mgongoni linalopiga maji takriban mara 35 kwa sekunde, na bado mwendo wake ni wa polepole mno kuliko wa samaki karibu wote. Mkondo wa maji ukiwa na nguvu hawezi kushindana nao. Njia yake ya kuishi ni kushika jani na kutulia hapo, akibadili rangi ili afanane na mahali alipo.

Chakula chake ni vijidudu jamii ya kamba, vingine vidogo kama chembe ya mchanga. Huvivuta kwa pua yake ndefu kama mtu anyonyaye kinywaji kwa mrija. Kwa kuwa hana mfuko wa kuhifadhi chakula tumboni, hulazimika kula mara nyingi kwa siku. Mahali ambapo vijidudu hivyo vimeadimika, hawezi kukaa.

Misitu ya kelpi, na kwa nini kwetu haipo

Katika bahari za baridi, nyumba ya samaki wa aina hii ni misitu ya kelpi. Kelpi ni mwani mkubwa wa rangi ya kahawia unaojishikiza kwenye mwamba na kurefuka kuelekea juu ya maji, na aina kubwa kuliko zote hurefuka kwa makumi ya mita. Kusini mwa Australia dragoni wa bahari huelea katikati ya majani ya kelpi akiwa na ngozi iliyochanika mfano wa majani hayo hayo, hata adui akapita kando yake asimtambue. Mwaka 2015 wanasayansi walitangaza aina ya tatu ya dragoni huyo, mwenye rangi nyekundu ya damu, aishiye kwenye kina kirefu zaidi. Farasi wa bahari mkubwa wa Australia na New Zealand naye hujifunga mkia kwenye mashina ya kelpi.

Barani Afrika misitu ya kelpi ipo Afrika Kusini na Namibia, ambako mkondo wa maji ya baridi hupanda kutoka kusini. Ndiyo misitu iliyoonekana na mamilioni ya watazamaji katika filamu ya mwaka 2020 kuhusu mpiga mbizi na pweza, iliyopigwa karibu na Cape Town.

Kenya na Tanzania hazina misitu hiyo. Maji ya pwani yetu huwa na joto la nyuzi 25 hivi wakati wa kusi na hukaribia nyuzi 30 wakati wa kaskazi, na kelpi haistahimili joto hilo. Lakini wasomaji wetu walioko Oman wanaweza kuiona bila kusafiri mbali. Katika jimbo la Dhofari, kwenye mwambao wa Mirbat na Sadah, upepo wa kusi huyasukuma maji ya juu kuelekea bahari kuu, na maji ya baridi yenye rutuba hupanda kutoka chini kuchukua nafasi yake. Wakati milima ya Salalah inapofunikwa na ukungu wa kharifu, kelpi huota baharini, mahali pengine jirani na matumbawe. Ni mandhari adimu, kwa sababu matumbawe hupenda joto na kelpi hupenda baridi.

Kwetu kazi ya kelpi hufanywa na nyasi bahari. Ingawa watu wengi huzichanganya na mwani, nyasi hizi ni mimea kamili yenye mizizi, mashina, maua na mbegu. Zaidi ya aina kumi huota kati ya mstari wa mikoko na mwamba wa matumbawe, kutoka visiwa vya Lamu hadi Mtwara. Huko ndiko anakojificha tasi, ndiko kamba wadogo hukulia, na ndiko farasi wa bahari hupata jani la kushika.

Miongoni mwa aina zilizothibitishwa katika maji ya Afrika Mashariki ni farasi wa bahari wa kawaida, Hippocampus kuda, na yule wa miiba, Hippocampus histrix. Yupo pia Hippocampus camelopardalis, ambaye jina lake la pili maana yake ni twiga. Huyu alielezwa kwa mara ya kwanza mwaka 1854 kutokana na samaki wa Msumbiji, na anapatikana Tanzania pia. Kwa hiyo nchi ambayo mnyama wake wa taifa ni twiga ina twiga mwingine baharini, asiyezidi urefu wa kidole.

Bustani ya Saint-Josse na mtu wa majina

Sehemu ya historia ya farasi wa bahari wa Afrika inapitia mji wa Brussels. Alizaliwa huko mwaka 1858 George Albert Boulenger, aliyeanza kazi katika makumbusho ya viumbe ya mji huo kabla ya kuhamia London, kwenye makumbusho ya Uingereza. Katika maisha yake alieleza na kuzipa majina aina zaidi ya 1,000 za samaki, mbali na mamia ya vyura na mijusi.

Wasomaji wa Kigoma, Bujumbura na Kalemie wanaishi na kazi yake bila kujua. Lumbu, yule dagaa mkubwa wa Ziwa Tanganyika, alielezwa naye mwaka 1906. Kuhe, samaki mkubwa wa ziwa hilo hilo, alielezwa naye mwaka 1899, na baadaye mtaalamu wa Kifaransa akampa samaki huyo jina la jenasi Boulengerochromis kwa heshima yake. Kati ya mwaka 1909 na 1916 alichapisha orodha ya samaki wa maji baridi wa Afrika katika majuzuu manne.

Katikati ya kazi hiyo kubwa, mwaka 1900, Boulenger alieleza samaki mmoja mdogo wa Rasi ya Afrika Kusini na kumwita Hippocampus capensis. Leo anajulikana kama farasi wa bahari wa Knysna. Anaishi katika milango michache tu ya mito kwenye pwani ya kusini ya nchi hiyo, miongoni mwa nyasi bahari, na hakuna mahali pengine popote duniani anapopatikana. Ndiye farasi wa bahari wa kwanza kuorodheshwa rasmi na Shirika la Kimataifa la Uhifadhi, IUCN, kuwa yuko hatarini kutoweka.

Boulenger alipostaafu mwaka 1920 aliwaacha samaki akageukia mimea. Alijitolea kuchunguza mawaridi ya Ulaya yaliyokaushwa na kuhifadhiwa katika Bustani ya Mimea ya Serikali mjini Brussels. Bustani hiyo, iliyofunguliwa mwaka 1829, iko kando ya barabara ya Rue Royale katika Saint-Josse-ten-Noode, manispaa ndogo kuliko zote nchini Ubelgiji kwa eneo na yenye msongamano mkubwa wa watu. Waafrika waishio Brussels huijua kwa jina la Botanique, na wengi wamefika hapo kusikiliza muziki, kwa kuwa tangu mwaka 1984 jengo lake limekuwa kituo cha utamaduni. Mimea na hazina ya majani makavu vilihamishiwa Meise, nje kidogo ya mji. Boulenger mwenyewe alifariki dunia mwaka 1937 huko Saint-Malo, Ufaransa.

Katika zama zake samaki alichunguzwa ndani ya chupa ya pombe, naye mmea alichunguzwa juu ya karatasi, kila mmoja katika jengo lake. Jina la samaki lilipatikana kwa njia hiyo, na bila jina hakuna sheria inayoweza kumlinda. Lakini chupa haikuweza kuonyesha kwamba samaki huyu na jani analolishika ni vigumu kutenganishwa. Hilo lilikuja kufahamika baadaye, watafiti walipoanza kupiga mbizi na kumtazama akiwa hai.

Kwa nini shingo ya farasi na mkia wa pembe nne

Ubelgiji imeendelea kuchangia elimu ya samaki huyu. Mwaka 2011 Sam Van Wassenbergh wa Chuo Kikuu cha Antwerp na wenzake walichapisha utafiti uliojibu swali la zamani: kwa nini samaki huyu amejikunja shingo? Walimlinganisha na jamaa yake aliyenyooka kama mrija. Yule aliyenyooka huogelea kulifuata windo lake, lakini farasi wa bahari hukaa akingoja. Shingo iliyopinda humwezesha kufyatua kichwa na kulifikia windo lililo mbali zaidi bila kuachia jani aliloshika. Utafiti mwingine, wa mwaka 2013, ulionyesha kwamba umbo la kichwa chake huyavuruga maji kidogo sana anapokisogelea kidudu, kiasi kwamba kidudu hakishtuki hadi muda umekwisha.

Mwaka 2015 Dominique Adriaens wa Chuo Kikuu cha Ghent alishirikiana na wahandisi wa Marekani kuchunguza mkia. Mikia ya wanyama wengi ni ya mviringo, lakini wa farasi wa bahari una pembe nne. Walitengeneza mifano ya mikia ya aina zote mbili na kuibana na kuikunja. Ule wa pembe nne ulistahimili zaidi kupondwa, ulirudi katika hali yake kwa urahisi, na ulishika vizuri zaidi kwa sababu sehemu kubwa ya uso wake hugusa kitu kilichoshikwa.

Tafiti hizi zinatoa picha moja. Umbo la samaki huyu, kuanzia taji hadi ncha ya mkia, limeumbika kwa maisha ya kukaa mahali pamoja akiwa ameshika kitu. Mnyama wa namna hiyo hana pa kukimbilia kitu hicho kinapong'olewa.

Mimba ya dume

Jambo linalowashangaza watu wengi zaidi ni uzazi wake. Jike hutaga mayai ndani ya kifuko kilicho mbele ya mwili wa dume, na dume huyarutubisha humo. Kuanzia hapo mzigo ni wake. Kifuko hicho si mkoba tu. Ngozi yake ya ndani huyapatia mayai hewa, husawazisha kiasi cha chumvi, na hutoa baadhi ya virutubisho. Baada ya majuma mawili hadi manne kwa kawaida, kulingana na aina ya samaki na joto la maji, dume hushikwa na uchungu na kuwatoa watoto kwa kujikamua.

Watoto wanaweza kuwa mia kadhaa, na katika aina kubwa huzidi elfu moja. Kila mmoja ana urefu wa milimita chache na umbo kamili la wazazi wake, na tangu dakika hiyo hujitegemea. Walio wengi huliwa au huchukuliwa na mkondo, na wachache sana hufikia utu uzima.

Katika aina nyingi zilizochunguzwa baharini, dume na jike hukaa pamoja msimu mzima wa kuzaana. Kila asubuhi hukutana, hubadili rangi na kuzungukana kwa muda, kisha kila mmoja hurudi kwenye sehemu yake ya nyasi. Sehemu hiyo huwa mita chache tu za mraba. Mmoja akikamatwa, aliyebaki huchukua muda kupata mwenzi mwingine, na katika eneo lenye samaki wachache huenda asimpate kabisa. Akikamatwa dume mwenye mimba, hupotea yeye na kizazi chake kwa mara moja.

Biashara na nyavu

Kwa karne nyingi farasi wa bahari waliokaushwa wametumika katika tiba za jadi za China. Wengine huuzwa wakiwa hai kwa ajili ya matangi ya samaki, na wengine huishia kuwa mapambo na kumbukumbu za watalii. Ili kupata kilo moja ya waliokaushwa huhitajika samaki mia kadhaa.

Biashara hiyo imefika pwani yetu pia. Watafiti waliozungumza na wavuvi na wafanyabiashara wa Kenya na Tanzania mwaka 2000 walikuta kwamba, hasa Tanzania, farasi wa bahari waliokaushwa walikuwa wakisafirishwa kwenda Hong Kong na China bara. Wakati huo nchi nyingi hazikuwa na kumbukumbu zozote rasmi za biashara hii, na ndiyo sababu mojawapo iliyofanya suala hilo lipelekwe kwenye mkutano wa mkataba wa CITES, unaosimamia biashara ya kimataifa ya wanyama na mimea iliyo hatarini.

Mkutano huo, uliofanyika Santiago, Chile, Novemba 2002, uliamua kuwaweka farasi wa bahari wote katika Kiambatisho cha Pili. Uamuzi ulianza kutumika Mei 2004. Maana yake ni kwamba biashara haikupigwa marufuku, bali nchi inayouza nje inapaswa kutoa kibali na kuthibitisha kwamba mauzo hayo hayataangamiza samaki hao baharini. Baadaye mkataba ulipendekeza kwamba samaki walio chini ya sentimita 10 wasiuzwe, ili wapate kuzaa kwanza.

Mmoja wa waliopigania hatua hiyo ni Amanda Vincent, profesa wa Chuo Kikuu cha British Columbia nchini Canada, ambaye mwaka 1996 alishiriki kuanzisha mradi wa Project Seahorse. Ni tafiti za kundi hilo hilo zilizoonyesha baadaye kwamba karatasi peke yake haitoshi. Hesabu waliyoichapisha mwaka 2017 ilikadiria kwamba katika nchi 21 pekee farasi wa bahari wapatao milioni 37 hunaswa kila mwaka katika zana zilizokusudiwa samaki wengine. Nyavu za kukokota chini, hasa zile za kuvua kamba, ndizo zilizoongoza. Utafiti wao wa mwaka 2019 uligundua kwamba takriban asilimia 95 ya farasi waliokaushwa katika soko la Hong Kong walisemekana kutoka nchi ambazo zilikuwa zimekwisha kuzuia mauzo ya nje.

Takwimu hizo zinaeleza ugumu wa jambo lenyewe. Mvuvi hatoki asubuhi kwenda kumtafuta farasi wa bahari. Humkuta wavuni pamoja na kamba na changu, mara nyingi akiwa amekwisha kufa. Kumkataza asimuuze aliyekufa hakumrudishi baharini. Kinachoweza kuokoa samaki huyu ni kuangalia wavu gani unapita wapi.

Nyasi zinapotoweka

Hapa ndipo nyasi bahari zinaporudi katika habari hii. Farasi wa bahari wa kawaida na yule wa miiba wote wawili wamewekwa na IUCN katika kundi la viumbe walio katika mazingira ya hatari, na upungufu wa makao yao ni sababu mojawapo.

Nyasi za pwani yetu hushambuliwa kutoka pande nyingi. Juya linalokokotwa ufukweni huzing'oa pamoja na samaki wachanga waliomo. Kenya ilipiga marufuku zana hiyo mwaka 2001, na Tanzania nayo imeikataza, ingawa utekelezaji umekuwa mgumu mahali ambapo wavuvi hawana chombo wala zana nyingine. Mvua kubwa hushusha udongo wa mito na kuyachafua maji, na nyasi zilizokosa mwanga hufa.

Sababu nyingine haionekani kwa haraka. Katika maji ya ndani ya mwamba huko Mombasa na Diani, watafiti waliona urchini wa baharini wakiongezeka na kulila eneo kubwa la nyasi. Urchini hawa wana maadui wa asili, miongoni mwao kikande, samaki mwenye meno makali. Kikande anapovuliwa kupita kiasi, mlinzi wa nyasi huwa ameondoka, na urchini hula bila kizuizi. Hivyo uvuvi wa samaki mmoja unaweza kuivunja nyumba ya mwingine ambaye hakuna aliyemkusudia.

Visiwani Zanzibar suala hili lina uzito wa pekee. Kilimo cha mwani, kilichoanza kwa ajili ya soko la nje mwaka 1989 katika vijiji vya pwani ya mashariki ya Unguja, kimewapatia maelfu ya wanawake kipato chao wenyewe. Uchunguzi uliofanywa katika Ghuba ya Chwaka ulikuta kwamba chini ya mashamba hayo nyasi bahari huwa chache kuliko mahali pasipo na shamba, kwa sababu ya kivuli, kukanyagwa, na kung'olewa ili kusafisha shamba. Hakuna anayependekeza wakulima hao waache kazi yao. Wanachosema wataalamu ni kwamba panapo mchanga mtupu ni heri shamba lipelekwe huko, na nyasi zilizo hai ziachwe zilivyo.

Hatua zilizoonyesha matunda

Habari njema ni kwamba farasi wa bahari huweza kurudi makao yanaporudi. Mjini Sydney, Australia, ambako aina moja ya hapo ilikuwa imepungua vibaya, watafiti waliteremsha chini ya bahari vizimba vya waya mfano wa mitego ya kaa. Mwani na viumbe vingine viliota juu ya waya, na farasi wa bahari wakahamia. Kuanzia mwaka 2020 samaki waliolelewa katika matangi wameachiliwa huko. Hata huko Knysna, samaki wa Boulenger amekutwa akiishi juu ya kuta za mawe na waya zilizojengwa kuzunguka makazi mapya ya kifahari, jambo ambalo hakuna aliyelitarajia.

Vilevile bado kuna yasiyojulikana yanayongoja kugunduliwa. Mwaka 2020 wanasayansi walitangaza aina mpya yenye urefu wa sentimita mbili hivi, iliyoonwa na mwalimu wa kupiga mbizi katika Ghuba ya Sodwana, Afrika Kusini. Jamaa zake wa karibu walijulikana kuishi Asia ya Kusini-Mashariki, zaidi ya kilomita 8,000 kutoka hapo. Waliiita Hippocampus nalu, neno ambalo kwa Kizulu na Kixhosa lina maana ya "huyu hapa". Ni jina pia la yule mwalimu.

Kwetu, hifadhi za bahari zimekuwa kinga ya kwanza. Malindi na Watamu zilitangazwa mwaka 1968, zikiwa miongoni mwa za mwanzo barani Afrika. Kisiwa cha Chumbe, karibu na mji wa Zanzibar, kilifuata mwaka 1994, na Hifadhi ya Bahari ya Kisiwa cha Mafia mwaka 1995. Katikati ya miaka ya 2000 wanakijiji wa Kuruwitu, Kilifi, waliamua wenyewe kufunga sehemu ya bahari yao isivuliwe, mpango unaojulikana kama tengefu, na vijiji vingine vikaiga. Huko Gazi, kusini mwa Mombasa, wanakijiji wamekuwa wakilipwa tangu mwaka 2013 kwa kutunza mikoko inayohifadhi hewa ya ukaa. Nyasi bahari nazo huhifadhi hewa hiyo katika udongo wake, na watafiti wa Kenya wamekuwa wakijaribu kuzipanda upya katika pwani hiyo ya kusini.

Msafiri azingatie nini

Kwa Waafrika Mashariki waishio Ulaya kuna jambo la vitendo. Farasi wa bahari aliyekaushwa huonekana kuwa zawadi ndogo isiyo na madhara, lakini anapovuka mpaka huwa chini ya sheria. Kanuni za Umoja wa Ulaya humruhusu msafiri kuingia na wasiozidi wanne waliokufa katika mizigo yake binafsi bila kibali cha CITES. Wakizidi hapo bila hati, forodha inaweza kuwataifisha na mwenye mzigo akashtakiwa. Ruhusa hiyo ya Ulaya haiondoi sheria za nchi anayotoka msafiri, ambazo zinaweza kuwa kali zaidi. Aliye hai hahusiki kabisa na nafuu hiyo.

Kwa aliyeko nyumbani, mambo ni mepesi zaidi. Mvuvi anayemkuta farasi wa bahari akiwa hai wavuni au ndani ya dema anaweza kumrudisha majini, akichagua mahali penye nyasi ili apate pa kushika. Anayetembea wakati wa maji kupwa anaweza kufuata vijia vya mchanga badala ya kukanyaga nyasi. Na kijiji kinapokaa kujadili mahali pa kuweka shamba la mwani, gati au hoteli, inafaa swali moja liulizwe mapema, kabla ya nanga ya kwanza kutiwa: chini ya maji hapo kuna nyasi, au kuna mchanga?